Sauti ya Karibu

3 Februari

Mdogo wangu Kitinda,

Salamu nyingi. Sisi hapa ni wazima, ukitoa mafua ya pacha aliyebaki nyumbani (mwenzake bado yuko chuoni, hajambo, anaandika anapoishiwa) na bega langu la kulia, linalouma kwa sababu ya makochi ya ukumbi wa mikutano niliyoyakubali yote kwa tamaa. Mama hajambo? Mwambie kitambaa cha kiti chake kimepatikana, rangi ileile aliyoitaka, ila safari hii asikishike kwa mikono yenye mafuta. Na wewe, wanafunzi wako wa udereva wamepunguza kugonga nguzo?

Nakuandikia badala ya kupiga simu kwa sababu unajua sisi wawili tukipigiana simu lazima mmoja amkatie mwenzake. Barua huwezi kuikatia katikati. Ukikasirika utaitupa mezani, utazunguka chumba, halafu utarudi kuimalizia.

Sasa sikiliza. Shemeji yako hanisemeshi.

Si kwamba tumegombana. Tungekuwa tumegombana ningejua pa kuanzia. Amenyamaza tu, polepole, tangu mwaka jana, kama mtu anayehama nyumba kwa kubeba kitu kimoja kila siku. Jioni namwita chakula tayari, haji. Nakula na binti, chake nakifunika, na baadaye namsikia jikoni anakula peke yake kimeshapoa. Nikimwambia jambo anasema "sawa". Kila kitu ni sawa. Nilimwambia paka wa jirani amezalia ndani ya kochi la mteja, akasema sawa. Wiki iliyopita nikaamua kumjaribu. Nilikuwa nagongea kitambaa, nikamwambia bila kugeuka kwamba naolewa Jumatatu. Akasema sawa, akaenda kulala.

Kinachoniuma ni kwamba maneno anayo. Akishafunga mashine zake za kusagia meno bandia, anakaa mbele ya ile kompyuta uliyompa, anavaa hedifoni, anaingia kwenye mchezo wako wa bunduki, na humo ni porojo tupu. Anacheka. Mimi niko chumba cha mbele na makochi yangu, yeye chumba cha nyuma, na ukuta wetu unaujua ulivyo mwembamba. Namsikia akimwambia mtu asiyemjua, mtu mwenye bunduki, "Karibu, karibu, habari za kwako?" Mimi niliyemzalia pacha hajaniuliza habari zangu tangu mvua zilipokatika.

Juzi ameshusha sanduku la safari kutoka juu ya kabati akalifuta vumbi. Hakusema anakwenda wapi. Nami sikumwuliza, maana angesema sawa.

Wewe ndiye uliyemwingiza humo. Basi ingia, mtafute, usikilize anasema nini juu yangu. Kama ana mpango wa kuniacha, nataka kujua mimi kabla ya majirani. Na usimwambie Mama.

Ni mimi dada yako

*

24 Februari

Dada,

Shikamoo. Barua yako imefika na alama ya kiatu juu ya bahasha, lakini maneno yote yapo. Mama hajambo, anasema mikono yake haina mafuta, kitambaa chako ndicho kilichokuwa kibovu. Nguzo ya langoni imegongwa tena. Mkuu wa shule amekubali kuihamisha nguzo.

Nimefanya ulivyoniagiza. Ila kabla sijakueleza nilichosikia, lazima uelewe mambo yalivyo humo, la sivyo utaniona mzembe.

Mchezo wenyewe ni uwanja mpana wa majumba yaliyobomoka, na makundi mawili yanayowindana. Unawekwa kundi lolote, huchagui. Kuna kitu tunakiita sauti ya karibu. Ukiwa mbali na mtu humsikii kabisa. Ukimkaribia unaanza kumsikia kwa mbali, na mkiwa chumba kimoja unasikia hata anavyokohoa. Haijali huyu rafiki wala huyu adui. Aliye karibu ndiye anayesikia. Kwa hiyo wenye akili hufunga midomo na kutembea kwa kunyata.

Shemeji hafungi mdomo. Amejiita Gego. Anakaa kwenye nyumba moja ya ghorofa isiyo na paa, karibu na dirisha, na mtu yeyote akitokea anamwambia, "Karibu. Sogea, sikusikii." Maadui wanapigwa butwaa. Wengine wanasogea kweli na kumpa habari za makwao. Wengine wanampiga risasi, naye akifufuka anarudi palepale dirishani kama mtu aliyesahau mwavuli.

Dada, mimi kutwa nzima nakaa kando ya watu wanaotaka kuniua bila kukusudia. Sasa jioni nimekuwa nikienda kwa wanaokusudia. Nimejiita Breki, na nimezima sauti yangu maana anaijua. Ili nimsikie lazima nimkaribie, na nikimkaribia naonekana. Nimekufa chini ya dirisha lake. Nimekufa ngazini. Nimekufa mlangoni mguu mmoja ukiwa ndani. Mara moja aliniua yeye mwenyewe, halafu akaniomba radhi, akasema alidhani mimi ni mtu mwingine.

Mwisho nilifanikiwa kujibanza nyuma ya pipa, chini ya dirisha. Alikuwa anaongea na adui mmoja, dereva wa lori aliyekuwa likizo. Dereva akamwuliza kama nyumbani hawamlalamikii kwa kukaa kwenye mchezo muda mrefu hivi. Shemeji akacheka kidogo, akasema, na hapa nakupa kama alivyotamka, "Mke wangu siku hizi"

Hapo bomu likaangukia pipa.

Nilipofufuka na kukimbia kurudi, walikuwa wanazungumzia matairi. Nisamehe. Nitajaribu tena.

Mdogo wako

*

9 Machi

Kitinda,

Sisi wazima. Bega ni lilelile. Msalimie Mama.

Siku hizi nini?

Umeniletea maneno nusu halafu ukaweka sahihi na kubandika stempu. Hukuweza kusubiri siku mbili ukapata mengine? Nimetembea nayo ndani ya nyumba hii tangu bahasha ilipofika. Mke wangu siku hizi amezeeka. Mke wangu siku hizi amenenepa. Mke wangu siku hizi ni mkali, ananuka gundi, hapikiki wala haliki. Nimejiangalia kwenye kioo cha mteja mpaka mteja akauliza kama kiko tayari. Jana nimeshonea mgongo wa kochi mahali pa kukalia, jambo ambalo sijawahi kulifanya tangu nijifunze kazi, na ukumbi wanataka mali yao mwisho wa mwezi.

Sanduku sasa liko wazi chini ya kitanda. Lina mashati mawili na ile sweta aliyofumiwa na dada zake. Nikasema liwe liwalo, nikamwuliza safari ni ya wapi. Nilikuwa kazini, misumari mdomoni, mikono yote miwili imeshika kitambaa, lakini nilimwuliza kwa upole kabisa. Akanitazama usoni kitambo kirefu. Halafu akatikisa kichwa, akatoka zake. Kichwa kinatikiswa kwa ajili ya ndiyo au hapana, sasa hiki sijui kilikuwa cha nini.

Rudi kule. Na pipa uliache, tafuta ukuta.

Dada yako

*

30 Machi

Dada,

Shikamoo, na poleni na mafua. Mama anashukuru kwa kitambaa, anasema rangi siyo. Mimi nimefaulisha wanafunzi wawili, na mmoja amenitumia picha ya gari lake likiwa ndani ya mtaro, kwa furaha.

Nimepata maneno yaliyobaki. Kaa chini kwanza.

Safari hii tuliwekwa kundi moja, mimi na shemeji, kwa hiyo niliweza kusimama chumbani kwake bila kuuawa. Nilisimama pembeni kimya. Akanikaribisha, nikaruka juu mara moja, ambayo humo ndiyo salamu ya asiye na sauti. Akasema, "Haya bwana, kaa." Kisha akapanda adui mmoja, mwanamke, nesi aliyetoka zamu. Wakaulizana habari. Yule nesi akamwuliza kuhusu nyumbani, na shemeji akajibu hivi:

"Mke wangu siku hizi ameacha kunisemesha. Zamani alikuwa na maneno mpaka nikawa naomba apumzike. Sasa anapita mlangoni hata haniiti kula. Nakuta sahani imefunikwa. Nadhani nimemchosha, na mtu ukishamchosha, bora uondoke mwenyewe kabla hajapata taabu ya kukwambia."

Nesi akasema, "Umemwuliza?"

Shemeji akasema, "Sogea, sikusikii."

Nesi akasogea, akauliza tena. Shemeji akasema, "Naogopa atakachojibu."

Baada ya hapo wenzake nesi wakaanza kumfokea kwamba wanashindwa, ikabidi ampige risasi. Alimwambia pole kwanza.

Siandiki haya ili kukuumiza. Sauti yake haikuwa ya mtu anayetunga. Kwa hiyo nakuuliza kama mdogo wako, na usinikasirikie: unamsemesha?

Kitinda

*

11 Aprili

Msalimie Mama. Wewe sina salamu zako.

Mimi? Mimi ndiye niliyeacha kumsemesha? Waulize wateja wangu kama kuna saa nanyamaza. Nasema nikikata, nasema nikishona, nasema nikigonga. Yeye hukaa chumba cha nyuma, mlango wazi, na mimi namweleza kila kilichotokea siku ile, nani amekuja, nani hajalipa, nani amefariki. Namwita kula kila jioni, binti ni shahidi. Basi kumbe mume wangu ni mwongo, na anawadanganya watu wenye bunduki ili wamwonee huruma. Nesi wa watu ametoka zamu amechoka, naye anamjaza uongo.

Haya. Anasema nimenyamaza, basi nimenyamaza kweli. Tangu Jumatano sijamwambia neno, wala kumwita, wala kumuaga. Nilitaka aone tofauti ya mke aliyenyamaza na mke aliyesingiziwa.

Hajagundua.

Nakwambia hajagundua, Kitinda. Kwake hakuna kilichobadilika. Asubuhi hii nimelia chooni, nikanawa, nikarudi kwenye makochi ya watu. Sijawahi kuwa mpweke hivi ndani ya nyumba yenye watu watatu.

Dada yako

*

2 Mei

Dada,

Shikamoo. Mama anakusalimu, naye amegundua kwamba kuna jambo kwa sababu nimeanza kumsaidia vyombo.

Lile neno lako, "hajagundua", nimelisoma nikalala nalo. Dada, mtu aliyekununia hugundua. Mtu akinuna ndiyo kazi yake, kuangalia kama mwenzake anaumia. Kwa hiyo nilirudi kule si kwa kusikiliza anachosema tu, bali kumwangalia anavyosikiliza.

Sikufika mbali. Mtu alirusha bomu la mkono chumbani, nami nilikuwa nimesahau kuzima sauti, nikapiga kelele ileile ninayopiga kila siku ya kazi: "Breki! Kanyaga breki!" Shemeji nilimfundisha udereva mimi, unakumbuka, akafeli mara zote. Kelele ile anaijua hata ukimwamsha usingizini. Tulipofufuka, akaja mpaka mbele ya uso wangu, akasema, "Shemeji. Ni wewe unayenifuata tangu Februari?"

Nikasema ni mimi.

Tukakaa nyuma ya ukuta, akanieleza. Alieleza kila kitu, Dada, na alipomaliza akaniapisha nisikwambie. Nimeapa kwa jina la Mama, na Mama yuko chumba cha pili anasikiliza taarifa ya habari, siwezi kuvunja kiapo nikamtazama asubuhi. Kwa hiyo alichoniambia sikuambii.

Ila yapo mambo ambayo hakuniapisha. Tiketi hakuniapisha. Ana tiketi ya basi ya Jumamosi ya mwisho ya mwezi huu wa tano, anakwenda kwa kaka yake, na hakukata ya kurudi. Hapendi kwenda. Nimemsikia, hapendi hata kidogo.

Jingine ni ushauri tu, ambao ningempa fundi yeyote wa makochi niliyekutana naye njiani. Unapoongea na mtu, toa misumari mdomoni. Zima cherehani. Simama mbele yake, mwangaliane.

Nimekupigia simu mara mbili wiki hii. Zote mbili umesema mambo ya ndoa yako hayasemwi kwenye simu, niandike, ukakata. Basi nimeandika. Naomba posta wasiikanyage hii.

Kitinda

*

13 Mei

Kitinda,

Nimekuuliza habari za ndoa yangu, umenijibu habari za misumari.

Nimeanza kazi hii hujaota meno. Misumari inakaa mdomoni kwa sababu mikono yote miwili inavuta kitambaa, na ulimi ndio unaoutoa mmoja mmoja, kichwa mbele, tayari kwa nyundo. Hakuna fundi anayeiweka kwingine. Marehemu mwalimu wangu alikuwa anaimba nayo. Kwa hiyo ushauri wako nimeuweka ulipostahili.

Tiketi nimeiona. Iko ndani ya sweta. Nimeishika mkononi mpaka binti akaniita.

Umeapa, sikulazimishi. Nimemwambia binti anifundishe mchezo kwenye kompyuta yake ya masomo. Hakuuliza kwa nini. Ameniandikisha jina la Kochi. Usinifuate humo, wewe ukionekana tu mabomu yanaanza.

Dada yako

*

2 Juni

Mdogo wangu Kitinda,

Natumaini hujambo na Mama hajambo. Sisi wazima. Binti amefanya mitihani, anasema ilikuwa migumu kwa kila mtu, kwa hiyo amefeli. Makochi ya ukumbi yamechukuliwa yote, hata lile la mgongo uliokaliwa, na hakuna aliyesema kitu.

Nakueleza kila kitu, tulia usome.

Siku ya kwanza ndani ya mchezo nilitembea mpaka ukutani, nikabaki naukanyagia ule ukuta mpaka mtu akanimaliza kwa huruma. Binti alicheka akatoka nje. Siku zilizofuata nilijifunza kugeuka. Jumatano, zikiwa zimebaki siku chache basi liondoke, nikaipata nyumba yenyewe, ile isiyo na paa. Nikapanda ngazi nimezima sauti, nikasimama pembeni kama ulivyosimama wewe.

Ni jambo la ajabu, Kitinda. Nilikuwa nimevaa hedifoni sikio moja tu, kwa hiyo mume wangu nilimsikia mara mbili: sikio moja kupitia ukuta wetu, na jingine ndani ya mchezo, sauti ikichelewa kidogo. Alikuwa na watu wawili. Mmoja alikuwa anaeleza habari za mbuzi wake, hatua chache kutoka hapo, na mimi nilimsikia vizuri kuliko ninavyokusikia wewe kwenye simu. Shemeji yako akasema, "Sogea, sikusikii." Jamaa akasogea. "Sogea tena kidogo." Akasogea mpaka bunduki zikagusana. Ndipo shemeji yako akasema, "Aa, mbuzi." Na wale wengine wote hawakuona ajabu, maana humo kila mtu ni kiziwi mpaka amkaribie mwenzake. Humo anafanana na watu.

Nikavua hedifoni. Nikaketi pale kwenye kiti changu cha kazi, nikamwita kama nilivyokuwa nikimwita kabla sijanuna. "Baba Pacha." Kimya. Nikaita tena kwa nguvu. Kimya. Nikaita kwa sauti ya kuitia mtu wa mtaa wa pili, na jirani akatoa kichwa dirishani akauliza kama namwita yeye. Nyuma ya ukuta mume wangu anaendelea na mbuzi wa watu.

Hapo ndipo nikaelewa misumari. Miaka yote ile mashine inamlilia masikioni kutwa, na mimi malalamiko yangu yalikuwa ni vumbi tu. Masikio yakaenda, akabaki ananisoma mdomo. Na mdomo wenyewe ndio huo, umebana chuma, umegeukia kochi. Madaktari wa meno wanamwandikia kazi zao kwenye karatasi. Watoto wanamtumia ujumbe wa simu. Mtu pekee duniani ambaye yeye alikuwa hamsikii ni mimi. Niliona aibu, Kitinda, na nikaogopa, kwa sababu sikujua kama bado kuna muda.

Nikavaa hedifoni masikio yote mawili. Nikafungua sauti. Wale wawili walikuwa wameshashuka, yuko peke yake dirishani. Nikamwendea.

Akasema, "Karibu. Sogea, sikusikii."

Nikasogea mpaka sikuona kitu kingine isipokuwa uso wa yule askari wake. Nikasema, "Chakula tayari."

Hakujibu. Nikadhani hata hapo hajasikia, nikarudia.

Akasema, "Nani mwenzangu?"

"Ni mimi, Baba Pacha. Niko chumba cha mbele. Chakula tayari."

Halafu akasema, "Mbona uliacha kuniita?"

"Nilikuwa nakuita kila jioni."

"Kila jioni?"

"Kila jioni."

"Hata jana?"

"Jana nilikuwa nimenuna. Kabla sijanuna nilikuwa nakuita kila jioni."

Kumbe wakati huo kuna adui amepanda ngazi, na kwa jinsi sauti yenyewe ilivyo, amesikia yote. Amesimama mlangoni na bunduki lake. Akasema, "Samahani wazee wangu, nitapita baadaye," akashuka.

Shemeji yako akasema masikio yamekwisha. Akasema yalianza kupungua zamani, akawa anajipa moyo kwamba ni uchovu, na alipojua si uchovu aliogopa kuniambia, kwa sababu alidhani nitamwona amezeeka nikiwa bado nina nguvu zangu. Kisha sauti yangu ikatoweka kabisa, akaona basi, nimeshamwona. Nikamwambia mimi nilidhani ananiacha. Akasema alidhani mimi ndiye nimemwacha, yeye alikuwa ananipisha tu. Nikamwambia wewe mwanamume ni mjinga, na mimi ni mjinga mwenzako, na nakupenda, na chakula kinapoa. Nilisema yote hayo kwenye kompyuta ya masomo ya binti, na binti amekaa pale anaangalia dari.

Nikasikia kiti kinasukumwa chumba cha nyuma. Akaja na hedifoni shingoni, waya unaburuzika. Tulikula watatu, kikiwa cha moto.

Basi la Jumamosi limekwenda bila yeye. Jumatatu nilimpeleka kwa daktari wa masikio, na nilimwomba mwenyewe ajibu maswali, ikabidi daktari asogee. Sikio moja limebaki na kitu, atawekewa kifaa. La pili hakuna. Alipoambiwa hivyo alinishika mkono, jambo ambalo mbele za watu huwa halifanyi. Mimi nimenunua nyundo ya sumaku, msumari unakaa kichwani mwa nyundo badala ya mdomoni. Kazi inakwenda polepole na naichukia, ila wateja wanasema sasa wananielewa ninapowatajia bei. Ushauri wako nimeutoa nilipokuwa nimeuweka.

Kiapo chako hukukivunja. Nimemwambia Baba Pacha hivyo, akasema anajua, anaomba tu uache kumfuata kwa kunyata, unamtia wasiwasi.

Jana tuligombana. Alisema kwamba mimi nikiwa Kochi natembea kwa vishindo na kumletea maadui, kwa hiyo nikae nje ya nyumba. Mimi nikae nje. Nikazima cherehani, nikavuta kiti mpaka magoti yakagusana, nikamshika kidevu anitazame, nikamtolea yote niliyokuwa nimeyameza tangu mwaka jana, moja baada ya jingine. Nilimfokea mpaka koo likakauka, mdogo wangu, na alisikia kila neno.

Dada yako